Wayland Rudd, Hercules wa Moscow

Katika riwaya ya Mfaransa Jules Verne kuhusu nahodha wa miaka 15 limo neno letu: mganga. Hadithi yenyewe iko Angola, mbali kabisa na Waswahili, ila Verne hakukanyaga huko. Alisoma vitabu vya wasafiri wa Kizungu akaokota maneno humo. Anayejitia uganga ni Hercules, Mmarekani mweusi, pande la mtu, ili amtoroshe Bi Weldon, mwanamke wa Kizungu, mikononi mwa wauza watumwa.

Filamu ya Kisovieti ya riwaya hiyo ni ya mwaka 1945. Kila nikiitazama, macho yangu humwacha nahodha yakamfuata Hercules. Aliyemwigiza ni Wayland Rudd. Warusi humwandika Weyland Rodd, na tahajia hizo mbili zimenipotezea siku nyingi maktabani.

Rudd alianzia jukwaani huko kwao Marekani. Katika Hedgerow Theatre, Pennsylvania, aliwahi kuwa Othello katika tamthilia ya Shakespeare. Juni 1932 alipanda meli na Wamarekani weusi wapatao 20, mshairi Langston Hughes akiwamo, kwenda Moscow kucheza filamu ya Black and White, juu ya wafanyakazi weusi wa viwanda vya chuma vya Birmingham, Alabama. Wengi wao hawakuwa waigizaji hata kidogo. Hughes alisimulia baadaye kwamba alipoisoma skripti alicheka hadi machozi yakamtoka, jinsi ilivyokuwa mbali na Alabama halisi. Mradi ukafutwa mwaka huohuo. Baadhi yao walinung'unika kwamba wametolewa kafara ili Washington iitambue serikali ya Kisovieti. Ikaitambua kweli, Novemba 1933.

Wengi walirudi kwao. Rudd akabaki, akajiunga na kundi la mwongozaji wa tamthilia Vsevolod Meyerhold, na mwaka 1933 mwongozaji wa filamu Lev Kuleshov akampa nafasi ya mfungwa mweusi katika filamu iliyotokana na maisha na hadithi za mwandishi wa Kimarekani O. Henry. Mwaka 1936 akawa Jim, mtumwa katika hadithi ya Tom Sawyer. Halafu huyo Hercules.

Mfungwa, mtumwa, mtu wa kukimbia wauza watumwa: hapo ndipo hasira hunipanda. Kazi alipewa, tena kwa heshima ambayo Marekani ya siku zile isingempa, lakini kamera ilimtaka awe mweusi anayeonewa nchi za mbali, si jirani wa Moscow anayepanga foleni ya mkate kama wenzake. Hercules namsamehe. Yeye hangoji kuokolewa. Wazungu ndio wanaomngoja awaokoe.

Rudd alifariki mwaka 1952. Mwanawe, aliyeitwa kwa jina lake, akawa mwimbaji. Miaka ya karibuni msanii Yevgeniy Fiks amekusanya mabango na picha za Kisovieti zinazoonyesha watu weusi, akauita mkusanyo huo kwa jina la Wayland Rudd. Nyingi ya picha hizo hazimwonyeshi Rudd.