Lango Halijalogwa: Yanayosemwa Kuhusu Malango ya Minecraft

Jumamosi moja mchana kijana wa darasa la sita alikuja mezani kwangu amevuta mdomo. Nina kibanda hapa Mwanga, Kigoma, chenye kompyuta tatu za mtumba. Watoto hulipia saa, wanacheza Minecraft, gemu ya kuchimba na kujenga kwenye dunia ya matofali. "Kaka, hii gemu imelogwa," akasema. Alikuwa amejenga lango la kwenda Nether, ule ulimwengu wa moto ndani ya gemu, uani kwake, akaingia, akazunguka kule dakika mbili, akarudi kwa mlango uleule, akaibukia sebuleni kwa rafiki yake. Rafiki mwenyewe, aliyekaa kompyuta ya pili, alikuwa anacheka hadi machozi yanamtoka. Wa kompyuta ya tatu alishatoa hukumu: Herobrine, yule mzuka wa kwenye hadithi za gemu.

Nikachukua kalamu na karatasi, kwa sababu dawa ya ugonjwa ule ni kugawanya kwa nane. Nitaufikia. Ila siku ile niligundua kwamba karibu kila wanachojua hawa wadogo zangu kuhusu malango wamekitoa kwenye video za nusu dakika walizotazama kwa bando la kaka zao, na mengi humo ni chumvi tupu.

"Bila sururu ya almasi huendi Nether"

Hili husemwa hata na wakongwe. Ni kweli obsidiani, lile jiwe jeusi la kujengea lango, haiokoteki mpaka uwe na sururu ya almasi au ya netherite. Ukiing'ang'ania na ya chuma utagonga weee, tofali litavunjika na mkononi hubaki na kitu. Lakini nani kasema lazima uichimbe? Obsidiani huzaliwa pale maji yanapogusa chanzo cha lava. Tafuta dimbwi la lava, uwe na ndoo mbili za chuma, moja ya maji na nyingine ya kuchotea lava. Tengeneza kalibu ya udongo palepale unapotaka lango lisimame, mimina lava kwenye nafasi moja, igusishe maji, inaganda. Rudi, chota nyingine. Ni kufyatua tofali tu, tofauti yake ni kwamba ukikosea hatua unaungua na mali zako zote.

Na yale matofali 14 unayoambiwa? Kumi yanatosha. Fremu ndogo kabisa ni upana wa matofali manne na kimo cha matano, na zile pembe nne hazihesabiwi. Ziache wazi au ziba kwa udongo. Tangu toleo la 1.7.2 la mwaka 2013 unaweza kulikuza hadi 23 kwa 23, ukipenda liwe kama geti la tajiri. Kulilaza chini kama kisima hakuwezekani. Kuwasha, wengi hutumia kiberiti cha gumegume, ila moto wowote unaowaka ndani ya fremu unafaa, hata uliorukia kutoka kwenye lava iliyo karibu na mbao.

Magofu ya malango unayoyakuta porini yaliletwa na sasisho la Juni 2020, toleo la 1.16. Watoto huyakarabati, wanawasha mara kumi, kimya. Angalia vizuri: kuna matofali yanayodondosha machozi ya zambarau. Hayo ni obsidiani ya aina nyingine, hayajengi lango. Yang'oe, weka ya kawaida. Na kuna wale waliojenga sawa na kuwasha sawa, tatizo lao ni haraka: kwenye hali ya Survival, ile ya kujitafutia kila kitu, unasimama ndani ya lango kama sekunde nne ndipo likuchukue. Ukipita mbio kama unavuka barabara, litakuacha ulipo.

"Nether ni mahali pa kwenda kufa"

Gemu hii ilianzishwa mwaka 2009 na Markus Persson wa Sweden, na Nether ikaingia Oktoba 2010, kwenye sasisho la Halloween. Kwa hiyo sura yake ya jehanamu haikuja kwa bahati mbaya. Moto chini, moto juu, na wale viumbe weupe wanaoelea, Ghast, wanaolia kama paka. Sauti zao kweli zilitokana na paka wa mtunzi wa muziki wa gemu. Mtu akiona vile anachukua mawe ya mwanga mawili matatu, anakimbia kwao.

Mimi naiona Nether kama reli. Hatua moja kule ni hatua nane huku. Chukua safari tunayoijua: Kigoma hadi Tabora kwa treni ni kama kilomita 400. Tofali la Minecraft ni mita moja, kwa hiyo ungetembea matofali 400,000, na kwa mwendo wa kawaida wa mhusika, usiofika mita nne na nusu kwa sekunde, ni zaidi ya saa 25 bila kusimama. Pita Nether: matofali 50,000, saa tatu na ushee. Chimba handaki lako, tandika reli, weka kigari, umemaliza. Msafara wa zamani wa kutoka Tabora kwenda Ujiji ungelipa pembe ngapi kwa njia kama hiyo?

Hesabu hiyo ni ya mlalo tu, namba za X na Z. Kimo, yaani Y, hakigawanywi. Kuna mmoja hapa alichimba kwenda chini akiamini anasafiri mara nane.

Sasa, lango la yule kijana

Ninayosema hapa ni ya Minecraft ya Java, ile ya kompyuta. Ukiingia kwenye lango, gemu inachukua X na Z zako, inagawanya kwa nane, inakwenda kutafuta upande wa Nether: je, kuna lango lililowashwa ndani ya matofali 16 kutoka hapa? Likiwapo, unatupwa kwenye lililo karibu zaidi. Lisipokuwapo, gemu inakujengea jipya. Wakati wa kurudi inazidisha kwa nane na kutafuta ndani ya matofali 128. Lango halina kumbukumbu. Halijui ni nani alilijenga wala umetoka lipi.

Rafiki mwenye sebule alikuwa na lango lake kwenye X 800, Z -320. Gawanya kwa nane: 100, -40. Huko Nether tayari lilisimama lake. Kijana wangu akajenga la kwake kwenye X 900, Z -320, matofali 100 pembeni. Gawanya: 112, -40, tukiacha desimali. Kutoka 112 hadi 100 ni matofali 12 tu, ndani ya zile 16. Gemu ikaona lango la mwenzake, ikasema lipo, ikamtoa pale. Kurudi? Mara nane ya 100 ni 800. Sebuleni kwa mtu.

Dawa ilikuwa kwenda Nether kwa miguu hadi 112, -40 na kujenga lango kwa mkono, kwenye kimo kinacholingana na la nyumbani. Baada ya hapo kila mmoja akawa anaibukia kwake. Kijana alinitazama kama mganga, jambo ambalo sikulipinga sana.

Kama unacheza kwenye simu, kanuni ya nane ni ileile. Jenga malango ya pande zote mbili mwenyewe, kwa kuhesabu, utaepuka mengi.

Vitu vidogo vidogo

Maji hayamwagiki Nether, yanageuka mvuke. Kitanda kule hakikulazi bali kinalipuka, na wajanja hukitumia kama baruti ya kuchimbia. Dira na saa huzunguka kama zimelewa, ndipo watu wakasema muda umesimama. Haujasimama, unaweza kuingia asubuhi ukatoka usiku na zombi wanakusubiri mlangoni. Na yule nguruwe-zombi aliyesimama karibu na lango lako nyumbani hajatumwa na mtu. Malango huwatoa mara mojamoja, ndivyo yalivyotengenezwa. Usimpige tu.

"Ukijenga kwa mawe ya mwanga na kumwaga maji unakwenda mbinguni"

Mpwa wangu wa Tabora alipoteza likizo kwa hili. "Mjomba, nimeona kwa macho yangu mtu anaingia!" Na kweli aliona. Ile ni Aether, modi ya mwaka 2011, yaani nyongeza iliyotengenezwa na wachezaji na kupachikwa juu ya gemu. Bila hiyo modi, mawe ya mwanga na ndoo ya maji vinakupa ukuta ulioloa.

Ndugu yake ni video ya malango ya rangi za ajabu, mtu anatupa kitabu na lango linageuka kijani au pinki. Nayo si uongo kabisa: Aprili 2020 waundaji walitoa toleo la utani la Siku ya Wajinga ambalo kitabu kilikufungulia ulimwengu wa kubahatisha. Lilikuwa toleo la pembeni la Java. Kwenye gemu ya kawaida kitabu chako kinavuka tu na kudondoka upande wa pili.

Herobrine na mama mmoja

Herobrine ni hadithi ya mtandaoni ya mwaka 2010: mhusika wa kawaida wa gemu, macho meupe, anakuchungulia kwenye ukungu. Hajawahi kuwekwa kwenye Minecraft. Tatizo ni waundaji wenyewe, kuanzia 2011 waliandika kwa utani kwenye orodha za mabadiliko kwamba wamemwondoa Herobrine. Mtoto akisoma hivyo anakuuliza swali gumu: utamwondoaje ambaye hakuwapo?

Mwaka jana mama mmoja alimfuata mwanawe hapa. Alimsikia nyumbani akisema anakwenda "ulimwengu mwingine", mtaani akaambiwa ni Freemason. Nikamwamkia, nikampa kiti. Akatazama lango linavyowaka zambarau. "Mwanangu, huo moto unawachukua roho?" Nikamwambia, "Mama, unapakia ramani nyingine. Kama kutoka ukurasa mmoja wa kitabu kwenda mwingine." Akakaa karibu nusu saa. Alipoondoka aliniuliza kwa nini yule ng'ombe ana kichwa cha mraba, nami sikuwa na jibu.

"The End unaijengea lango popote, na ukienda hurudi"

Sisi tulio mwisho wa reli jina hili tunalielewa. The End, yaani "Mwisho", ulimwengu mwingine wa gemu unakoishi joka, iliingia Novemba 2011 pamoja na toleo kamili la kwanza. Lango lake huwezi kulijenga kwenye Survival: zile fremu 12 hazitengenezwi wala hazichimbiki. Unatupa macho ya Ender, yaani lulu ya Ender iliyochanganywa na unga wa Blaze, kiumbe cha moto cha Nether, unayafuata hadi kwenye ngome iliyofukiwa, halafu unajazia fremu zilizo tupu. Beba ya akiba, kwani kila ukitupa jicho lina nafasi moja kati ya tano ya kupasuka. Kila fremu ina uwezekano wa asilimia 10 kuwa na jicho tayari. Kwa hiyo yule anayejisifu kakuta zote 12 zimejaa, mwambie hiyo ni bahati ya moja kati ya trilioni.

Kwenye Creative, ile hali ya kupewa kila kitu bure, unaweza kulijenga, na hapo ndipo malalamiko huanza: "Halifunguki!" Simama katikati ya duara unapozipanga, ili fremu zote zikutazame wewe.

Kuhusu kurudi: ukishaingia, unatoka kwa kuua joka au kwa kufa. Ukimwua, lango la kutokea linafunguka, maandishi marefu yanapita, halafu unaamka kwako. Gemu haijaisha. Joka lenyewe unaweza kulifufua kwa fuwele nne na kulipiga tena.

Kijana wa darasa la sita alilisikia hilo akafikiri kidogo. "Kwa hiyo kaka, nikitoka huko nawakuta kuku wangu?"

Nikamwambia utawakuta, labda kama huyu wa kompyuta ya pili hajawala.