Kimeo hakina kesi: kinachotokea kooni ukimeza tonge

Mama mmoja alikuja kliniki na mtoto wa mwaka na nusu, mtoto anakohoa wiki ya tano, chupa tatu za dawa ya kikohozi zimeisha, na kabla ya kufika kwetu walishampeleka kwa mzee mmoja huko kwao akamkata kimeo. Nikamulika tochi mdomoni, kweli kimeo hakipo, kimebaki kikovu tu. Kikohozi kipo palepale.

Mimi ni daktari wa masikio, pua na koo, na hizi kesi za kimeo nimeziona nyingi mpaka nikaamua niandike, maana naona shida siyo kwamba watu ni wabishi, shida ni kwamba hakuna mtu aliyewahi kukaa akawaeleza koo lina nini ndani. Mtoto anakohoa, mnamfungua mdomo, anachokiona kila mtu ni kile kinyama kinaning'inia huko nyuma. Basi kesi inakuwa yake. Tena mtoto akilia ulimi na kaakaa vinacheza, kimeo kinaonekana kirefu, mnasema si mnaona, kinagusa ulimi, ndo kinachomkohoza.

Na jina nalo limetuchanganya. Kimeo wengine wanakiita kilimi, wengine kidaka tonge. Sasa ukisikia kidaka tonge unajua kabisa hiki ndo kinadaka chakula, kumbe hakidaki kitu. Na kuna wanaolitumia hilohilo jina la kidaka tonge kwa kitu kingine kabisa kilichopo chini zaidi, ambacho hata ukijiangalia kwenye kioo mpaka kesho hukioni, kile kifuniko cha koromeo, pale sauti inapotokea, tunachokiita epiglotisi. Yaani vitu viwili jina moja, halafu kinachokatwa ni kile cha juu kwa sababu ndo mkono unafika.

Kikohozi kinaanzia wapi? Vichokozi vyake vikubwa vipo kwenye koromeo, kwenye bomba la hewa na matawi yake kwenda kwenye mapafu. Huko chini. Wembe unakata juu, shida ipo chini, na mtoto anaweza kuvuja damu au kupata tetenasi bure.

Haya, tushuke taratibu. Koo lenyewe ni bomba la misuli, kwa mtu mzima lina kama sentimita 12 au 13, linaanzia chini ya fuvu nyuma ya pua, linapita nyuma ya mdomo, linaishia nyuma ya koromeo, usawa wa pingili ya 6 ya shingo. Hapo linagawana njia. Mbele kuna koromeo na bomba la hewa, nyuma yake, limeegemea uti wa mgongo, kuna umio, bomba la chakula.

Sasa angalia mchezo ulipo. Hewa inaingilia puani, kwa juu na nyuma, lakini inatakiwa iende kwenye bomba la mbele. Chakula kinaingilia mdomoni, kwa mbele, lakini kinatakiwa kiende bomba la nyuma. Lazima wapishane. Ni kama njiapanda ya Ubungo, Dar es Salaam, enzi zile kabla ya daraja la juu, magari ya pande zote yanakutana sehemu moja na usalama wenu unamtegemea trafiki, asimamishe huku, aruhusu kule. Koo halijawahi kujengewa daraja. Trafiki wake anakaa kwenye shina la ubongo, pale ubongo unapoungana na uti wa mgongo, na anatumia jozi 5 za mishipa ya fahamu kati ya zile 12 za kichwani, na misuli zaidi ya 30.

Chukua tonge la ugali. Mdomoni wewe ndo bosi, unatafuna unavyotaka, unaongea, ukiona kajiwe unatema. Mate yanalainisha, ulimi unalikusanya kisha unalisukuma nyuma kwenye kaakaa. Likishavuka pale kwenye mlango wa koo huna mamlaka tena, huwezi kusema ngoja kwanza, trafiki kashachukua usukani na kila kitu kinaisha ndani ya kama sekunde moja hivi.

Ndani ya hiyo sekunde, kaakaa laini linanyanyuka na kuziba njia ya pua (hapo kimeo kinasindikiza, ni mkia wa kaakaa, kazi yake ni ndogo lakini siyo adui). Ukichekeshwa ukiwa unakunywa soda ikakutokea puani, ujue hilo zibo liliachia. Na mtoto aliyezaliwa na kaakaa lililopasuka maziwa yanamtokea puani kwa sababu hiyohiyo, hakuna kinachoziba.

Pumzi inasimama. Hujawahi kuona, lakini kila ukimeza unaacha kupumua kwa muda mfupi sana, na watu wengi wakimaliza kumeza pumzi ya kwanza wanaitoa nje, hawaivuti. Ukiifikiria ni akili sana, kama kuna punje imebaki mlangoni inapulizwa nje badala ya kuvutwa ndani.

Halafu weka kidole kwenye kikoromeo chako, wanaume mtakipata haraka, wanawake tafuteni katikati ya shingo kipo. Meza mate. Umekisikia kilivyopanda? Hapo koromeo zima limevutwa juu na mbele likajificha chini ya shina la ulimi, epiglotisi imelala kwa juu yake, na ndani kabisa nyuzi za sauti zimebana. Na kule kuvutwa mbele ndo kunafungua mlango wa umio, ambao muda wote huwa umefungwa. Kwa hiyo mlango mmoja unajifunga na mwingine unafunguka kwa mvuto uleule, mimi hii kitu nimeifundisha miaka na bado inanifurahisha.

Wengi waliosoma baiolojia sekondari wanakumbuka epiglotisi tu, kifuniko, kama cha sufuria. Siyo uongo ila inapewa sifa kuliko kazi yake. Wapo wagonjwa waliotolewa epiglotisi kwa ajili ya saratani, wakafundishwa kumeza upya, wakala. Ulinzi wenyewe uko kwenye koromeo kupanda na nyuzi za sauti kubana, ndo maana nyuzi ya upande mmoja ikipooza mtu sauti inakwaruza na maji yanampalia.

Baada ya hapo ni umio, sentimita 25, unalisukuma tonge kwa mawimbi ya misuli mpaka tumboni kama sekunde 8 au 10. Hata ukining'inizwa kichwa chini linafika.

Tuje kwenye kupaliwa. Bibi yangu ukipaliwa alikuwa anasema kuna mtu anakusema huko. Mwenye makosa kwa kawaida ni wewe mwenyewe, umecheka au umeongea na chakula mdomoni, ukiongea nyuzi za sauti lazima zipitishe hewa, na maji yana mbio kuliko tonge, trafiki anachelewa kidogo tu yameshapita. Mtu akipaliwa akawa anakohoa kwa nguvu mwacheni akohoe, hiyo ndo dawa, msimpige utosini wala msimnyweshe maji juu yake. Ila akishika koo, hatoi sauti, hakohoi, huyo amezibwa, hapo hakuna kusubiri. Mwinamishe mbele, mpige kati ya mabega kwa kiganja mara 5, ikishindikana simama nyuma yake, ngumi juu ya kitovu, vuta kwa ndani na juu mara 5, rudia huku mwingine anatafuta msaada. Mtoto chini ya mwaka habinywi tumbo, mlaze kifudifudi kwenye mkono wako kichwa kikiwa chini, mgongoni mara 5, halafu mgeuze bonyeza katikati ya kifua mara 5. Na usimwingize kidole mdomoni kutafuta usichokiona, utakisukuma.

Kikipita nyuzi za sauti bila kuziba kabisa ndo tunaingia kwenye hadithi ya yule mtoto. Bomba la hewa likigawanyika, tawi la kulia ni pana na limesimama wima zaidi, kwa hiyo vitu vingi vinaangukia kulia. Nilivyosikiliza kifua, upande wa kulia hewa ilikuwa inaingia kwa shida. Nikamuuliza mama, alishawahi kupaliwa? Akakaa kimya, akasema kuna siku dada yake alikuwa anakula karanga, mdogo akachukua, akakohoa sana akawa mwekundu macho, halafu akatulia, wakasahau. Karanga haionekani kwenye eksirei yenyewe kama yenyewe, unaona tu pafu limejaa hewa kuliko mwenzake. Tukamlaza usingizi, tukaingiza kamera ya bronkoskopi, nusu punje ya karanga hii hapa. Mtoto wa umri ule hana magego ya kutosha kusaga karanga, chini ya miaka 4 msiwape nzima, sagieni kwenye uji.

Miba ya samaki inanipa wateja kila mwisho wa wiki. Huwa inachoma kwenye tonsili au shina la ulimi, sehemu ambayo kwa vifaa vyetu tunaifikia kirahisi, ila mgonjwa anakuja akiwa ameshameza matonge makavu ya ugali na ndizi kuusukuma, sasa umezama au umeshuka kwenye umio, na huko ndo kazi ngumu. Acheni hiyo ya tonge kavu jamani. Kuna wakati pia mwiba ulishatoka, kilichobaki ni mkwaruzo na unauma vilevile. Sarafu kwa watoto inakwama sehemu ya juu ya umio. Betri zile bapa za saa na rimoti hizo ni dharura ya dakika, ndani ya saa 2 inaweza kuunguza umio, nenda hospitali hapohapo, hata kama ni usiku.

Halafu kuna wazee wetu waliopata kiharusi. Hapo aliyeumia ni trafiki mwenyewe. Koo zima halina kidonda, lakini amri zinachelewa, na mgonjwa anaweza kuingiza chakula mapafuni bila hata kukohoa. Watu wanashangaa nikiwaambia maji ndo hatari kwake kuliko uji mzito, wao wanaona maji mepesi yatapita, kumbe wepesi wake ndo ubaya wake. Msimlishe amelala chali, mkalisheni wima, kijiko kidogo, mngoje ameze, na mkisikia sauti yake baada ya kula imekuwa ya majimaji kama anaongea na kitu kooni, simamisheni. Akihitaji mpira wa kulishia wa puani msione kama mmeambiwa anakufa, wengi unatolewa baadaye.

Moja la mwisho ambalo huwa silichekei. Mtu mzima akianza kwa ugali kukwama, akahamia wali laini, kisha uji, kisha maji yanapita kwa shida, hiyo siyo vidonda vya tumbo. Ukanda wetu huu kuanzia Kenya, Tanzania kushuka mpaka Malawi una saratani ya umio nyingi, na mwaka 2016 watafiti wa saratani wa Shirika la Afya Duniani waliweka vinywaji vya moto kupita nyuzi 65 kwenye orodha ya vinavyoweza kusababisha, kwa hiyo hiyo chai mnayosifia inayounguza ulimi ipozeni kidogo. Ila ukishaanza kukwama usingoje ifike kwenye uji, omba kipimo cha kamera.

Yule mtoto aliruhusiwa siku ya pili, hakohoi. Mama aliomba ile nusu karanga, akaifunga kwenye kitambaa akampelekee bibi yake mtoto aione. Mlangoni akageuka akaniuliza, "Sasa dokta, na kile kimeo kitaota tena?"

Hakioti, mama.