Je, wajua kwa nini Waingereza wasio na kazi walicheka na Yosser?

Mwaka 1982 Uingereza ilikuwa na watu zaidi ya milioni 3 wasio na ajira. Oktoba mwaka huo BBC2 ikaanza kuonyesha Boys from the Blackstuff, tamthilia ya sehemu 5 kuhusu wamwaga lami wa Liverpool waliokosa kazi. Ungedhani mtu aliyeshinda kwenye foleni ya posho ya wasio na kazi hatataka kuiona tena sebuleni kwake jioni. Wakaiona, wakacheka, na Januari ikarudiwa BBC1.

Siri ni Yosser Hughes, mmoja wa wamwaga lami hao, aliyechezwa na Bernard Hill. Mke kamkimbia, ustawi wa jamii wanataka kumnyang'anya wanawe, naye anazunguka mjini na watoto watatu nyuma yake. (Watoto hao ni wa mwandishi mwenyewe, Alan Bleasdale.) Akimkuta mtu yeyote kazini humkazia macho: "Nipe kazi. Hiyo naiweza." Maneno hayo yakaenea nchi nzima, hata midomoni mwa wenye kazi zao.

Kichekesho chake hakimwondolei mtu uchungu. Kinatokea palepale penye uchungu. Yosser anakwenda kuungama. "Nimekata tamaa, Padre." Padre, kwa upole, anamwambia amwite Dan tu. "Nimekata tamaa, Dan." Kwa Kiingereza maneno hayo, "I'm desperate, Dan", yanakaribia jina la Desperate Dan, mbabe wa katuni ambaye kila mtoto wa Kiingereza alimjua. Unacheka, halafu unakumbuka kwamba mtu huyu kweli anazama. Bleasdale, aliyewahi kuwa mwalimu, aliwajua watu wa Liverpool: wao hutaniana hata matangani, na aliyefilisika habaki nje ya utani.

Wengi waliichukua tamthilia hiyo kuwa jibu kwa Margaret Thatcher, waziri mkuu wa wakati huo. Lakini wamwaga lami hao Bleasdale alianza kuwaandika mwaka 1978, kabla Thatcher hajaingia madarakani. Liverpool ilikuwa imeanza kuporomoka zamani.

Onyesho ninalolipenda kuliko yote liko baa. Yosser anaketi kando ya Graeme Souness, nahodha wa Liverpool FC wakati huo, anayecheza kama yeye mwenyewe. Wote wawili wana sharubu nene. Yosser anamkagua, kisha anampasha habari: "Umefanana na mimi."