Mwili wangu kwenye fremu si wasifu wangu

Filamu yangu ikiisha na taa zikawashwa, hakosi mtu wa kunyoosha mkono: "Kwa hiyo haya ndiyo maisha yako?" Swali hili limenichosha, na leo nalijibu.

Mwigizaji akicheza muuaji, hakuna anayemuuliza kamuua nani. Lakini msanii akisimama mbele ya kamera yake mwenyewe, bila mhusika wala mazungumzo, watu huona anaungama. Haungami! Mwili wake ni malighafi: upo, haukodishwi, na watazamaji wameshaupachika majina kabla hajafungua kinywa. Hayo majina ndiyo anayoyafanyia kazi.

Mtazameni msanii Ingrid Mwangi, mzaliwa wa Nairobi, 1975, baba Mkenya, mama Mjerumani. Katika kazi yake ya picha Static Drift ya 2001 alijiwekea tumboni violezo vilivyokatwa umbo la ramani, akaacha jua lifanye kazi yake mpaka ngozi ikatoa ramani ya Ujerumani na ya Afrika, kisha zikapigwa picha. Wengi husema anatuambia yeye ni nusu huku, nusu kule. Angalieni vizuri jamani. Ramani zile hakuzaliwa nazo. Zilikatwa kwanza, zikaja kubandikwa juu yake. Tena rangi ya jua hufifia, picha ndiyo inayobaki vilevile miaka yote. Kwangu mimi, kazi ile inauliza nani anayeshika mkasi. Mwaka 2005 yeye na mwenzake Robert Hutter wakaunganisha majina na wasifu wao, wakawa msanii mmoja: Mwangi Hutter. Sasa hapo tuseme ni maisha ya nani?

Mimi hufanya kazi na kanga. Nazifunga moja juu ya nyingine, maandishi yakiwa juu chini, kamera usawa wa kitovu, uso nje ya fremu. Nikifanya onyesho hilo moja kwa moja ukumbini, hata aliyekaa nyuma yangu anaona fundo linavyonishinda na anasikia ninavyohema; siwezi kumficha kitu. Kwenye filamu naamua mimi. Nikikata kabla fundo halijalegea, mtazamaji anaondoka na mwanamke aliyefungwa. Nikiliacha tukio liende dakika nzima bila kukata, anaondoka na mwanamke anayezivua kanga kwa mikono yake. Mwili uleule, siku ileile, na "mimi" wawili tofauti kabisa.



Lipo linalonisumbua, na vitabu vya nadharia hulipita mbio. Watazamaji hawakosei moja kwa moja. Niliichagua kanga nikaacha vitambaa vingine vyote, na mikono ile ni yangu. Bila shaka kuna ninachokitoa nje bila kukusudia. Halafu kuuficha uso, nilikokuwa nakuona ni ulinzi, huenda kunamrahisishia mtazamaji kunigeuza mwanamke yeyote wa Pwani, picha ileile ninayopigana nayo. Ndiyo maana kazi ya sasa naihariri kwa matoleo mawili, moja lenye uso na moja lisilo nao, na sijaamua lipi litoke.