Hakuna jua la pili: Nibiru na uvumi mwingine wa angani

Jioni moja hivi karibuni, kabla sijamaliza kuielekeza darubini kwenye Mshtarii, mama mmoja alinisogezea simu. "Mwalimu, hebu tazama. Majua mawili haya. Si ndiyo ile Nibiru inayokuja?" Mwanawe wa darasa la tano alikuwa amejishikiza kwenye kanga yake. Tangu aione video ile, mtoto alikuwa halali. Swali hili naulizwa karibu kila ninapowaonyesha watu anga, na nimechoka kulijibu mmojammoja huku watoto wakiendelea kuogopeshwa.

Nibiru, hiyo sayari inayovumishwa kuwa inakuja kuiangamiza Dunia, haipo. Si kwamba iko mbali, wala si kwamba imefichwa. Haipo.

Jina lenyewe ni la kale. Katika maandishi ya Wababeli, Neberu maana yake ni kivuko, na ni jina la nyota ya mungu wao Marduk, ambayo mara nyingi ilikuwa Mshtarii, sayari ileile tunayoiona sisi. Mwaka 1976 mwandishi Zecharia Sitchin akadai kwamba Nibiru ni sayari isiyojulikana, yenye mzunguko wa miaka 3,600. Wasomi wa maandishi hayo hawakukubaliana naye. Mwaka 1995 Mmarekani Nancy Lieder akadai kwamba viumbe wa anga za mbali wamempa habari ya sayari itakayopita karibu na Dunia mwaka 2003. Mei 2003 ilipopita bila kitu kutokea, tarehe ikasogezwa hadi 21 Desemba 2012. Mwingine akaja na 23 Septemba 2017. Sitchin mwenyewe alikana kuhusika na utabiri huo wa maangamizi. Uvumi unaokosea kila mara na bado ukaaminiwa unaniuma, kwa sababu una waathirika: David Morrison, mwanaastronomia wa NASA, shirika la anga la Marekani, alieleza kuwa kabla ya 2012 aliandikiwa na vijana waliokuwa wakifikiria kujiua kwa hofu hii.

Sasa hebu tupige hesabu. Kitu kinachodondoka kuelekea Jua kutoka mbali kiasi hicho hakitokei ghafla. Kikiwa kimebakiza mwaka mmoja kutufikia, kingekuwa mbali kidogo tu kupita Mshtarii. Hata kingekuwa na ukubwa wa Dunia tu, ungekiona kwa macho matupu, bila darubini yangu wala ya mtu yeyote. Na wa kwanza kukiona wasingekuwa wanasayansi. Wangekuwa wavuvi wa dagaa, wanaokesha baharini siku za giza na kuzijua nyota kuliko wengi wetu. Serikali gani itawafunga wavuvi wote midomo?

Tena sayari haijifichi hata isipoonekana, kwa sababu mvutano wake unaisaliti. Neptune iligunduliwa mwaka 1846 baada ya Urbain Le Verrier kukokotoa mahali ilipo kutokana na jinsi Uranus ilivyokuwa ikiyumba njiani. Le Verrier huyohuyo, mwaka 1859, aliamini kuna sayari nyingine ndani ya obiti ya Zebaki, ikaitwa Vulcan. Watu waliitafuta kwa miongo, wengine wakaapa wameiona. Mwaka 1915 Einstein akaonyesha kwamba mwendo wa Zebaki unaelezeka bila sayari yoyote, na Vulcan ikafutwa. Sayansi hujisahihisha hivyo, hadharani. Leo darubini ya anga ya WISE imeshapekua anga lote kwa mionzi ya joto, na matokeo ya mwaka 2014 hayakuonyesha sayari yoyote ya ukubwa wa Zohali hadi umbali mara 10,000 ya ule wa Dunia na Jua. Hiyo "Sayari ya Tisa" iliyopendekezwa na wanaastronomia Batygin na Brown mwaka 2016 ni nadharia ya sayari ya mbali sana, isiyokaribia kwetu kamwe. Tafadhali msizichanganye.

Basi yale majua mawili ni nini? Ni lenzi. Mwanga mkali wa Jua hudunda kati ya vioo vya kamera na kuacha taswira ya pili kwenye picha. Jipimie mwenyewe, ila usiliangalie Jua kwa macho, angalia kioo cha simu tu: geuza simu taratibu. Jua likisogea kushoto, "jua la pili" litasogea kulia. Kisha simama mahali ambapo kona ya paa inaliziba Jua, na lile la pili litatoweka hapohapo. Nilimpa mtoto yule simu ya mama yake kesho yake asubuhi, akafanya mwenyewe mara tatu. Kila mzazi anayeletewa video hizi aanze na jaribio hili kabla ya kumtumia jirani.

Mengine ni mafupi.

Ujumbe kwamba Mirihi itaonekana kubwa kama Mwezi tarehe 27 Agosti husambaa tena na tena. Ulitokana na mwaka 2003, Mirihi ilipokuwa umbali wa kilomita milioni 56 hivi. Hata siku ile, upana wake machoni ulikuwa kama sehemu moja ya 70 ya upana wa Mwezi.

Nyota hazianguki. Kile unachokiona kikichora mstari usiku ni kimondo, na mara nyingi ni punje ndogo kama mchanga inayoungua angani. Vikubwa vipo, lakini ni vya nadra; nenda Mbozi, mkoani Songwe, ukaliguse pande la chuma lenye urefu wa mita 3 hivi.

Na ile "nyota" kali inayowaka upande wa magharibi baada ya Jua kuzama, ambayo mnanipigia simu kuiulizia, ni sayari ya Zuhura. Miezi mingine mtaiona alfajiri, upande wa mashariki. Ni ileile.