Kwa Nini Mvumo Hufa Ukikatwa Kilele?

Je, wajua kwamba mvumo huunguzwa na moto wa nyika mwaka hadi mwaka ukaendelea kuishi, lakini ukikatwa kilele mara moja tu hufa? Mti huu wa jamii moja na mnazi, ambao wanasayansi huuita Borassus aethiopum, huota kwa wingi kandokando ya mito na katika mabonde yanayofurika, kama bonde la Rufiji nchini Tanzania, na hufikia urefu wa mita 20 na zaidi.

Sababu imo katika umbile lake. Mwembe una tabaka la seli changa chini ya gome, ambalo hunenepesha shina, na ukikatwa huchipua upya. Mvumo hauna tabaka hilo wala hauna matawi. Uhai wake wote hutegemea chipukizi moja lililofichwa katikati ya majani ya kileleni, yaani shaha, na humo ndimo linamotoka kila jani jipya. Kwa upande mwingine, mishipa yake ya maji na chakula imetawanyika ndani ya shina zima, hivyo moto unaochoma upande wa nje hauikati yote.

Mche nao hujilinda kwa namna ya ajabu. Mbegu inapoota hutoa kwanza mrija mnene unaoshuka ardhini na kukipeleka kiini cha mche mahali ambapo moto haufiki. Hapo mche hukaa miaka mingi ukitoa majani tu, kwa kuwa shina lisiloweza kunenepa baadaye kama la mwembe sharti lipate upana wake kabla ya kuanza kurefuka.

Ndiyo maana namna ya kugema ina uzito mkubwa. Mgema wa mnazi wa pwani hukata ncha ya panda la maua, na shaha hubaki salama. Katika maeneo ya Wabaoulé nchini Cote d'Ivoire, mvumo huchongwa kileleni penyewe. Utomvu hutiririka kwa wiki kadhaa, kisha mti hufa. Kwa maoni yangu hiyo ni hasara kubwa mno, hasa mti ukiwa jike, kwa sababu mivumo dume haizai matunda, na ni matunda hayo makubwa ya rangi ya machungwa ambayo ndovu huyala na kuzisambaza mbegu zake mbali.