Doge Mocenigo na tauni ya Venice

Alvise Mocenigo hakurithi kiti. Mwaka 1570 alichaguliwa kuwa Doge, mkuu wa Jamhuri ya Venice, kwa kura zilizochanganywa na bahati nasibu, duru baada ya duru, ili ukoo wowote usiweze kujipangia mshindi. Doge alikaa madarakani hadi kufa, lakini kiapo kilimbana: barua ya mfalme wa nje hakuifungua bila washauri wake kuwapo, na kutoka nje ya mji alihitaji ruhusa. Tauni ilipoingia mwaka 1575, hakuwa na pa kukimbilia.

Mji wenyewe ulikuwa mzoefu. Tangu 1423 ulikuwa na kisiwa cha kuwatengea wagonjwa, Lazzaretto Vecchio, na tangu 1468 kisiwa kingine cha wanaoshukiwa. Hata neno karantini, tulilolizoea siku za Uviko, asili yake ni huko: quaranta ni arobaini, idadi ya siku za kusubiri.

Maofisa wa afya waliona mitoki kinenani na kwapani mwa wagonjwa, wakahesabu maiti, wakafunga nyumba. Hatua hizo zinaumiza. Fundi aliyefungiwa ndani hana kipato, na mji wa wafanyabiashara ukishatangazwa kuwa na tauni, bandari nyingine hukataa meli zake. Kila mtu alitamani kuambiwa kwamba si tauni.

Juni 1576 wakatokea wa kulisema hilo. Girolamo Mercuriale na Girolamo Capodivacca, maprofesa wa tiba wa Chuo Kikuu cha Padova, walijadiliana na maofisa wa afya katika jumba la Doge, naye akiwapo. Hoja yao ilikuwa kwamba waliokufa ni wachache mno. Tauni ya kweli ingekwisha kuua umati. Sisi tunaofanya kazi ya kuzuia magonjwa tunaifahamu vizuri hoja hii, na inatuuma. Ugonjwa uliodhibitiwa huonekana mdogo, kisha udogo wake unageuzwa kuwa sababu ya kulegeza udhibiti.

Wakubwa wakaafiki. Maprofesa wakaruhusiwa kuzunguka kwa gondola na kuingia nyumba za wagonjwa bila wao wenyewe kutengwa. Julai vifo vikapaa, na ruhusa yao ikafutwa. Hadi tauni inakoma, mji wenye watu takribani 170,000 ulikuwa umepoteza zaidi ya robo yao.

Ni kweli kwamba hakuna aliyejua habari za viroboto wa panya, wanaoeneza tauni. Bakteria wa tauni aligunduliwa mwaka 1894, Hong Kong, na Alexandre Yersin. Lakini maofisa wa afya hawakumjua bakteria pia, na bado walikuwa sahihi, kwa sababu walitazama wagonjwa na kuhesabu makaburi. Simtwishi Mocenigo mzigo wote, kwani Seneti ndiyo iliyoamua mengi. Hata hivyo alikuwa mkuu wao, na pande zote mbili alizisikia.

Septemba 1576 Seneti iliweka nadhiri: tauni ikiondoka, litajengwa kanisa la Mkombozi, na kila mwaka Doge atakwenda kushukuru. Jiwe la msingi liliwekwa Mei 1577. Mocenigo akafariki Juni 4. Julai mji ukatangazwa kuwa salama, daraja la mashua likatandazwa hadi kisiwa cha Giudecca, kanisa lilikokuwa likijengwa, na aliyekwenda kutimiza nadhiri ni mrithi wake, Sebastiano Venier.